Jiwe Lililoliwa Pande Mbili

Jina lake kamili, kwa namna alivyolikusanya maishani, lilikuwa Makali, Mkono-Kipara, Baba wa Watatu, mwana wa mchonga mipini, mjukuu wa mfua majembe. Ndiye aliyenoa patasi zilizochimba nafasi za bawaba katika milango yote ya zahanati. Ndiye aliyetia makali randa zilizolainisha madawati ya shule tatu, meza anayoegemea hakimu, vitanda vya maharusi ambao sasa ni mababu, na majeneza ya wengi waliomtangulia. Hili lililo mbele yetu, fundi wake amesema hakulipitisha msasa hata mara moja, kwa kuwa randa ilitosha. Hilo nalo tutalifikia.

Aliagiza asipambwe. "Ubao mbovu ndio unaopakwa rangi nene," alisema, akataka habari zake ziandikwe na mkewe na zisomwe polepole. Basi zisomwe polepole. Mkewe amechoka, na msomaji ni mjukuu mwenye haraka.

Marehemu alizaliwa Jumanne, tarehe 9 Aprili 1946, saa moja asubuhi, katika chumba cha nyuma cha nyumba ya matofali ya udongo, mlango wa tatu kutoka kisimani. Alikuwa mtoto wa nne kati ya sita. Baba yake alikuwa uani akichonga mpini wa shoka. Alipoletewa habari kwamba ni mtoto wa kiume, hakuinuka. "Ngojeni nimalize kichwa cha mpini," akasema, na kweli akamaliza. Mama wa marehemu hakulisamehe neno hilo mpaka alipozikwa. Ugomvi wowote, uwe wa chumvi au wa kuku, alianzia hapo: "Wewe uliyemaliza mpini!"

Huyo baba anahitajika katika habari hii kwa jambo jingine pia. Mwaka 1972 mikono ilianza kumtetemeka, na wanawe, kwa mapenzi mema, wakamshauri apumzike. Siku ya Jumatatu akaweka chini tezo lake la kuchongea. Akaacha kazi, kisha akaacha mazungumzo, mwisho akaacha chakula. Miezi mitatu haikutimia, wakamzika. Marehemu hakulisahau hilo. Mkewe naye, ambaye siku zile ndiye aliyekuwa akimwosha mkwewe miguu, hakulisahau.

Alianza shule Januari 1954, shule ya mabati iliyokuwa nyuma ya ghala la nafaka, akasoma mpaka darasa la sita. Hesabu alizipenda, imla haikumpenda. Ijumaa wanafunzi wote walifyeka nyasi za uwanja, na mafyekeo yalikuwa butu kiasi kwamba nyasi zililala zikainuka tena. Makali akaokota kipande cha jiwe la msingi, akaanza kuyanoa, moja baada ya jingine, akiwa amekaa kwenye ngazi ya darasa. Mwalimu wa kilimo akamkuta.

"Wewe mbona hufyeki?"

"Nafyeka, mwalimu. Haya yote ishirini na manne ni mimi ninayefyeka."

Alichapwa viboko viwili kwa ajili ya mdomo, halafu akapewa kazi ya kunoa mpaka alipomaliza shule. Katika miaka sita hakukata jani hata moja, na uwanja ule haukuwahi kuwa msafi vile tena.

Tarehe 4 Februari 1963 aliajiriwa katika kiwanda cha mbao, kwanza kama mfagia maranda. Mnoaji wa kiwanda alikuwa mzee mkavu aliyeitwa Babu Tupa, kwa sababu tupa ya kunolea misumeno haikutoka mkononi mwake, hata akila. Babu Tupa alimtazama mwaka mzima bila kumsalimia. Mwaka wa pili akamwita, akampa kisu cha randa na jiwe.

"Noa."

Akanoa.

"Umemaliza?"

"Nimemaliza, babu."

"Nyoa basi," akasema mzee, akamnyooshea mkono wake mwenyewe. Makali akaogopa, akajaribu kwenye mkono wake wa kushoto. Nywele hazikukatika. Akarudi jiweni. Alirudi mara kumi na moja siku hiyo. Ilipofika jioni mkono ulikuwa umenyolewa kuanzia kiwiko mpaka kiganja, na tangu siku hiyo haukuota nywele tena, maana kila makali yaliyotoka kwake yalipita hapo kwanza. Ndiyo asili ya jina la Mkono-Kipara.

Mwaka 1976 kiwanda kilileta mashine ya kunolea ya umeme. Msimamizi alifurahi sana, akataka visu vyote vipite humo haraka haraka.

"Bosi, ukiona chuma kimegeuka buluu kwa joto, ujue kimekufa," Makali alimwambia.

"Kimekufaje na kinang'aa hivi?"

"Hata maiti huoshwa akang'aa."

Walivumiliana miaka mitano. Mwezi Agosti 1981 marehemu aliaga, akafungua kazi yake barazani kwake. Vyombo vyake vilikuwa benchi moja, jiwe moja zuri ndani ya sanduku la mbao, kopo la mafuta, mkanda wa ngozi uliopigiliwa kwenye kibao, na rula ya chuma. Rula ilikuwa ya Jumamosi. Kila Jumamosi asubuhi alilifuta jiwe, akaisimamisha rula juu yake kwa ukingo, akainamisha jicho na kutazama upande wa jua. Mwanga ukipenya chini ya rula, jiwe limeliwa, lina bonde. Hapo alimwaga mchanga laini na maji juu ya kipande cha kioo kinene cha dirisha, akalisugua jiwe humo mpaka mwanga ukakosa pa kupita. "Jiwe lenye bonde huzaa kisu chenye tumbo," alipenda kusema. Kazi hiyo ilimchukua saa nzima au zaidi, na wakati huo hakuzungumza na mtu.

Alifunga ndoa Jumamosi, tarehe 6 Septemba 1969. Siku alipokuja kujitambulisha kwa wakwe, shangazi wa bibi harusi alimwangalia mikono yote miwili, akainuka, akaenda jikoni kunong'ona: "Huyu kijana ana maradhi gani yanayochagua mkono mmoja? Kulia nyani, kushoto yai!" Ikabidi aitwe, aeleze, na aombe kisu cha nyumbani kuonyesha. Kisu kilikuwa butu. Akakinoa kwenye ngazi, akanyoa vinywele vitatu vilivyosalia, na shangazi akasema, "Haya, angalau nyama itakatwa."

Shangazi alikosea. Kinyozi hajinyoi. Mke wa Makali alikata vitunguu kwa kisu butu miaka kumi. Kila alipolalamika alijibiwa, "Kesho, mama." Mwaka 1979 kesho hiyo ilimchosha. Mume akiwa kazini, alichukua jiwe, akakumbuka yote aliyoyaona kwa kutazama, akanoa mwenyewe. Anatumia mkono wa kushoto tangu utotoni, hata mwalimu wa darasa la kwanza alishindwa kumbadilisha, na ndiyo sababu mumewe alimwita Shoto. Makali alirudi, akakuta kisu kinakata nyanya bila kuibonyeza. Akacheka.

"Shoto, unanoa kama mtu anayefukuza nzi!"

"Nzi amefukuzika?"

Akajaribu kisu kwenye mkono wake. Akasema, "Amefukuzika." Tangu siku hiyo visu vya jikoni vilikuwa kazi ya Shoto, na marehemu hakuvigusa tena. Alikuwa mvivu wa mambo ya nyumbani, lazima lisemwe. Bomba la uani lilivuja toka mwaka 1990 na linavuja leo.

Waliishi pamoja miaka hamsini na mitatu. Walizaa watoto wanne, wakazika mmoja akiwa na miezi minane. Wakati huo marehemu hakulia mbele ya watu, lakini kwa muda wa mwezi mzima kila kisu alichonoa kilirudishwa na mwenye kisu akisema kimekuwa kikali mno.

Mwaka 2011 daktari alimkuta na ugonjwa wa sukari. Alimeza dawa, akapunguza chai ya sukari kwa maneno tu. Wahenga walisema mficha maradhi kilio humfichua. Yeye alificha kwamba vidole vilikuwa vinakufa ganzi. Mkewe aligundua mwaka 2017, alipomwona ameshika kikombe cha moto bila kushtuka.

Hapa hawana budi kuelewa hata wasio mafundi. Chuma kinaponolewa, upande wa pili wa makali hubaki kiuzi chembamba sana cha chuma, chembamba kuliko unywele. Jicho halikioni, kidole gumba ndicho hukihisi. Fundi akikihisi hukilaza kisu, hukitoa kiuzi kile jiweni na kwenye ngozi, ndipo kazi inakuwa imekwisha. Kiuzi kisipotolewa, kisu kinanyoa vizuri kabisa. Kikigusa ubao, kiuzi kinakatika na makali yanabaki na mapengo kama mdomo wa bibi. Gumba la Makali lilikuwa halihisi tena. Alinoa, akanyoa mkono wake wa kipara, unywele ukakatika, akaridhika. Mkono uliomhudumia miaka hamsini na minne ukawa unamdanganya kila siku.

Mwezi Juni 2018 fundi wa milango, anayeitwa Mrefu, alipita mlango wa uani, si wa barazani. Alikuwa na patasi ndani ya gazeti.

"Shemeji, sina namna ya kulisema hili."

"Sema hivyo hivyo ulivyolibeba."

"Imemeguka. Nimeigonga mara mbili tu. Ya wiki jana pia. Na wenzangu nao wanasema hivyo hivyo." Akatazama chini. "Mwambie mzee apumzike. Wewe ndiye wa ndani. Sisi atatufukuza na nyundo."

Mkewe alikaa na patasi ile mapajani. Barazani alimsikia mumewe akipiga mluzi, jiwe likilia taratibu. Alimkumbuka mkwewe aliyeweka tezo chini siku ya Jumatatu. Akamwambia Mrefu, "Rudi kesho. Na hukuja hapa leo."

Mchana, Makali alipolala baada ya chakula, mkewe alilichukua jiwe, akakaa kwenye kigoda nyuma ya jiko, akainoa patasi upya. Akakihisi kiuzi kwa gumba, akakitoa. Kesho yake Mrefu akaichukua, na keshokutwa akasimama barazani kumpigia mzee kelele: "Mzee, mkono haujazeeka huu! Hii patasi inaingia kama kwenye ndizi!"

"Ulifikiri nini?" mzee akajibu.

Hivyo ndivyo ilivyoanza. Asubuhi Makali alinoa. Mchana akilala, mkewe alirudia. Jioni vilifungwa ndani ya magazeti na kupelekwa kwa wenyewe. Visu vya randa, patasi, mashoka ya mkono, hata visu vya mshona viatu. Mafundi waliopo hapa wasishtuke, na wala wasione haya. Kwa miaka minne na miezi minne, makali waliyokuwa wakiyasifu yalipita kwenye mkono wa kushoto wa mwanamke aliyekuwa na umri wa miaka sitini na tisa alipoanza.

Alichoka. Hilo liandikwe. Mgongo ulimuuma, mafuta ya jiwe yaliingia kwenye nyufa za vidole, na siku za kazi nyingi hakukumbuka mara ya mwisho kukaa bila kitu mkononi. Kilichomchosha zaidi ni sifa. Kila mtu aliyesimama barazani akasema "mzee bado yumo," yeye alikuwa ndani akichambua mboga, akifurahi na kukereka kwa pamoja. Alitaka mtu mmoja tu ajue. Na huyo mmoja ndiye hasa hakutakiwa kujua.

Mwezi Machi 2022 mguu wa kulia wa marehemu ulipata kidonda kisichopona. Alilazwa wodi namba nne siku kumi na tisa, akarudishwa nyumbani Aprili, akawa anatembelea fimbo. Bado Jumamosi alijikokota uani na kioo chake, akasugua jiwe akiwa amekaa chini, akihema. Mkewe alimwambia aache. Alijibiwa kwa mkono tu. Mwezi wa Oktoba miguu yote miwili ilikataa, akawa wa kitandani.

Alifariki Alhamisi, tarehe 17 Novemba 2022, saa tisa na robo alasiri, nyumbani kwake, chumba kinachotazama baraza. Aliomba dirisha lifunguliwe. Alimwuliza mkewe kama Mrefu amekuja kuchukua randa zake, akaambiwa amekuja. "Amesema nini?" "Amesema zinakata." Akafumba macho kama alivyofanya kila mchana baada ya chakula, na safari hii hakuamka.

Ameacha mke, watoto watatu, ambao ni mwalimu wa hesabu, dereva wa lori na mshona nguo, wakwe watatu, wajukuu saba, kitukuu mmoja anayeanza kutambaa, dada mmoja, na mafundi ambao hakuwahi kuwahesabu. Ameacha benchi, mkanda wa ngozi, rula na jiwe. Mwenyezi Mungu ampumzishe, kwa maana alichoka kweli, na mchovu akilala hachokozwi.

Limebaki agizo lake, nalo aliomba lisomwe mwisho.

Ilikuwa Jumapili, tarehe 30 Oktoba, wiki mbili na siku chache kabla hajaondoka. Mkewe alikuwa akimfuta mikono kwa maji ya vuguvugu.

"Shoto."

"Abee."

"Lete jiwe. Na rula."

Akaleta. Makali akaomba sanduku liwekwe kifuani pake. Akaisimamisha rula juu ya jiwe, akalielekeza dirishani.

"Inama hapa. Unaona mwanga?"

"Nauona."

"Uko upande gani?"

Mkewe akachukua kitambaa, akakikamua upya.

"Mimi nalila jiwe upande wa kulia toka mwaka sitini na nne," akasema Makali. "Jiwe hufuata mkono. Hili limeliwa kushoto. Nani mwingine wa shoto humu ndani, paka?"

Maji yakapoa kwenye bakuli. Mkewe akauliza kwa sauti ndogo, "Umejua lini?"

"Jumamosi ya pili ya Julai, mwaka ule ule."

"Na ukanyamaza!"

"Na wewe ukanyamaza. Unadhani Jumamosi zote zile nilikuwa nasugua nini uani? Bonde langu? Mikono hii ilikuwa haina tena nguvu ya kula jiwe. Nilikuwa nasawazisha la kwako, ili Jumatatu ukute pazuri."

Mkewe alipandwa na hasira kabla ya kitu kingine chochote. Alisimama na kitambaa cha maji mkononi. "Miaka minne najificha nyuma ya jiko kama mwizi wa kuku! Kumbe mwenye kuku ananifungulia mlango!"

Makali akacheka mpaka kikohozi kikamshika, akainuliwa, akapigwapigwa mgongoni, akalazwa tena.

"Hukuumia?" mkewe akamwuliza.

"Niliumia wiki moja. Nikamkumbuka baba na tezo lake. Halafu Mrefu akasimama tena pale barazani akaisifu patasi, nikasema basi, makali hayajatoka nyumbani kwangu. Sasa nisikilize, usinikate kauli. Jumamosi hii siinuki. Jiwe lako utalisawazisha mwenyewe, kioo kiko nyuma ya mlango. Na siku Mrefu atakapokuja kuinolesha randa ya kupigia mbao zangu, usimwambie arudi kesho. Kaa barazani, kwenye benchi langu, mchana, watu wakipita. Noa kwa mkono huo huo. Na kile kiuzi, Shoto, ukitoe vizuri. Sitaki kulazwa kwenye mikwaruzo."